Vichwa vya Maneno

Nawaandikia kutoka Matema, huku pembeni kabisa mwa Ziwa Nyasa, ambako Milima ya Livingstone inashuka moja kwa moja mpaka majini kana kwamba nayo imekuja kuteka maji. Mwezi huu nataka tuzungumze juu ya jambo ambalo kwa kulitazama juu juu ni la walimu na wanafunzi tu. Lakini kwangu liliingia nyumbani, likakaa mezani pamoja nasi, na kabla likizo haijaisha lilikuwa limemfikia hata jirani yangu aliyekuwa mjamzito.

Binti wa dada yangu alikuja kwangu likizo ya mwezi wa Juni. Alikuwa kidato cha kwanza. Shule ya msingi alikuwa mtoto wa kujivunia, maana alisoma masomo yote kwa Kiswahili na aliyaelewa. Mwezi wa Januari alipoingia sekondari, kila somo isipokuwa Kiswahili lilimgeuka likawa Kiingereza. Mwezi wa Juni alikuja na alama kumi na tisa za Biolojia na ishirini na tatu za Fizikia. Jioni ya kwanza, tukiwa tunapepeta mchele, akaniambia, "Mama mdogo, mimi sina akili tena. Nataka umwambie baba nikajifunze kushona kule Ipinda."

Kushona ni kazi nzuri, na gauni nililovaa wakati huo lilishonwa hukohuko Ipinda. Lakini mtu aende kwenye cherehani kwa kuipenda, si kwa kukimbia kitabu. Nikamwomba anionyeshe daftari.

Mama mwenzangu, nilisikitika. Mtoto alikuwa ameandika maneno marefu ya Kiingereza, kila neno mara kumi, ukurasa hata ukurasa, ili yakae kichwani. Alikuwa anayameza mazima mazima kama mtu anayemeza usipa bila kutafuna. "Invertebrate" mara kumi. "Refraction" mara kumi. "Transparent" mara kumi. Nikamwuliza maana ya hilo la kwanza. Akanyamaza.

Mimi niliwahi kufundisha shule ya msingi kwa miaka mingi, ingawa Kiingereza changu si cha kujivunia. Nikaweka ungo chini, nikamwuliza maswali ya kitoto. Mtu mmoja wa kabila letu anaitwaje? Mnyakyusa. Wakiwa wengi? Wanyakyusa. Lugha yao? Kinyakyusa. Nchi yao? Unyakyusa. Akacheka, akadhani namtania. Nikamwambia aseme kama bibi asemavyo: mtu mmoja ni umundu, wengi ni abandu, mtoto ni umwana, watoto ni abana, kitu ni ikindu, vitu ni ifindu. Je, nani alikukalisha chini akakufundisha hayo? Hakuna. Umeona kwamba mwili wa neno ni ule ule, kichwa ndicho kinachobadilika? Hicho kichwa kwa Kiswahili cha darasani kinaitwa kiambishi awali. Sisi Wabantu tumezaliwa ndani yake. Na yale maneno marefu yanayokutisha, mengi yake yametoka Kilatini, nayo yamejengwa hivyo hivyo, kichwa na mwili. Anayekata Mnyakyusa akapata m na nyakyusa hawezi kushindwa na "refraction".

Asubuhi yake tulishuka ufukoni mapema, kabla upepo haujaamka. Wanaoyafahamu maji ya Matema wanajua yalivyo saa ile. Ziwa limelala kama kioo, na milima yote imo ndani, kichwa chini miguu juu. Nikamwambia, kile unachokiona kitabu chako kinakiita "reflection". Kichwa "re" maana yake ni kurudi nyuma, na wakati mwingine ni kufanya tena. Mwili "flect" ni kupinda. Mwanga unapinda njia yake na kurudi ulikotoka. Palikuwa na mtumbwi umefungwa, kasia limo ndani. Nikalichukua, nikalitumbukiza nusu majini.

"Limevunjika!" akasema.

Nikalitoa. Zima. Nikalirudisha majini. Limevunjika tena pale linapogusa maji. Basi hiyo ndiyo "refraction". "Fract" ni kuvunja. Mwanga ukitoka hewani kuingia majini njia yake inavunjika, na macho yako yanadhani ni kasia. Mtu akivunjika mguu hospitali wataandika "fracture", na mwalimu wako wa hesabu akiandika nusu na robo anaziita "fraction", yaani namba zilizovunjwa vipande. Yule mtoto hakunijibu. Alichukua kasia mkononi mwangu akalitia majini, akalitoa, akalitia, akalitoa, hata mwenye mtumbwi akaja akatuuliza kulikoni.

Tangu siku ile tulikuwa na daftari jingine mezani, la vichwa tu. "Sub" ni chini. "Trans" ni kuvuka, ng'ambo. "Inter" ni kati ya. "Ex" ni nje. "Pre" ni kabla, "post" ni baada. "Con" ni pamoja. "Contra" ni dhidi. Sitaviorodhesha vyote hapa, maana orodha hulaza watu. Utamu upo katika kupasua maneno. "Transparent" ni kitu kinachokuwezesha kuona cha ng'ambo yake, kama kioo cha taa. "Subtract", ile hesabu ya kutoa, ni kuvuta kutoka chini. Na "tract" hiyo hiyo ya kuvuta ndiyo iliyotupa trekta. "Invertebrate" ni kiumbe asiye na pingili za uti wa mgongo. Konokono hana, kaa hana. Usipa je? Anazo, ndogo sana, lakini anazo. Hilo alilijibu mwenyewe huku akimpasua mmoja kwa ukucha.

Labda unauliza Kilatini kilifikaje katika madaftari ya watoto wa Kyela. Kilikuwa lugha ya Warumi, na baadaye kikawa lugha ya Kanisa la magharibi. Hieronimo alilitafsiria Biblia, kazi aliyoimaliza mwanzoni mwa karne ya tano. Mwaka 1066 Wanormani kutoka Ufaransa waliiteka Uingereza, nao wakaleta Kifaransa, ambacho ni mtoto wa Kilatini. Halafu wasomi nao. William Harvey alipoeleza mwaka 1628 jinsi damu inavyozunguka mwilini, na Isaac Newton alipotoa kitabu chake kikuu mwaka 1687, wote wawili walikuwa Waingereza, lakini waliandika kwa Kilatini ili wasomi wa Ulaya nzima wawasome. Ndiyo sababu Biolojia na Fizikia zimejaa maneno hayo kuliko mazungumzo ya sokoni. Hata wamisionari Wajerumani waliofika huku kaskazini mwa ziwa mwaka 1891, wale wa Berlin wakiongozwa na Alexander Merensky, jina lao la misioni ni la Kilatini. Latoka katika neno la kutuma. Kwa hiyo kutuma ng'ambo ni "transmit", na kumwachia mtu apite ni "permit". Kamati ya kanisa lako ni ndugu wa maneno hayo, maana ni watu waliokabidhiwa jambo kwa pamoja, ingawa kamati nyingine nazijua hazikabidhiki kitu.

Neno moja lilinigusa zaidi. Kitabu cha mwisho cha Biblia kwa Kiingereza kinaitwa "Revelation". Kile kichwa "re" cha kurudisha nyuma kimo, na mwili wake ni "velum", yaani pazia. Ni kulivuta pazia nyuma. Na sisi tunakiitaje? Ufunuo. Kufunika na kufunua. Kilatini kilifanya kwa kichwa kile ambacho Kiswahili kinakifanya kwa mkia, kama funga na fungua, kunja na kunjua. Nimekisoma kitabu kile tangu ujana wangu na sikuwahi kuliona lile pazia.

Siku ya Jumamosi tulikwenda mnadani Lyulilo. Mnaijua sifa ya soko lile: wanawake wa Kikisi wanaleta vyungu vyao kwa mitumbwi kutoka Ikombe, vyungu vinavyofika hadi Mbeya na mbele zaidi. Mama mmoja alikuwa amejitwisha vitatu, kimoja juu ya kingine, anatembea kama hana kitu. Nikamkumbusha binti mwili "port", ambao ni kubeba. Bidhaa ikibebwa kwenda nje ya nchi, kama kakao yetu ya Kyela, ni "export". Ikibebwa kuingizwa ndani ni "import". Maneno hayo mawili hayaepukiki pale mpakani Kasumulu, na kuyachanganya kwaweza kukupotezea siku nzima. Kubeba ng'ambo ni "transport". Akaniuliza, na "support"? Nikamwonyesha yule mama wa vyungu. "Sup" ni ile "sub" ya chini iliyobadilika kidogo. "Support" ni kubeba kutoka chini. Kutegemeza. Akatazama ile shingo iliyonyooka chini ya vyungu vitatu, akasema, "Basi mama zetu wote ni 'support'."

Wakati wa kurudi tulipanda gari, na hapo mtoto akawa mwalimu. Alikuwa ameanza kuyaona maneno haya hata ndani ya Kiswahili, yalikoingia kimya kimya. Konda anayetudai nauli ni "conductor", na ndani yake mna "con", pamoja, na "duc", kuongoza. Risiti ambayo konda hatoi ni kitu kilichopokewa. Inspekta ni mtu wa kutazama ndani. Transfoma ni ya kubadili umbo la umeme likavuka kuwa jingine. Nami nikamwongezea moja: kampuni. "Com" ni pamoja, "panis" ni mkate. Hapo mwanzo walikuwa watu wanaokula mkate pamoja. Wale waliowahi kufanya kazi katika kampuni ambako bosi anakula peke yake watapima wenyewe.

Mwaweza kuuliza kwa nini mara ni "con" na mara ni "com", mara "sub" na mara "sup". Ni ulimi tu unatafuta wepesi. Sisi tunasema nyumba nzuri, lakini hatusemi nyumba nbaya, twasema nyumba mbaya. Hatusemi nguo nrefu, twasema nguo ndefu. Herufi ya kwanza ya mwili inakigeuza kichwa kilicho mbele yake, au inageuzwa nacho. Kilatini vile vile. Kile "in" cha kukana kikikutana na p kinakuwa "im", ndipo tunapata "impossible", yaani isiyowezekana. Kikikutana na l kinakuwa "il" kama katika "illegal", kisicho halali. Kikikutana na r kinakuwa "ir". Mtoto aliyezaliwa akisema mbaya na nzuri hahitaji kukariri kanuni hiyo. Ataisikia mdomoni.

Lakini ipo mitego, na hapa naomba tusome polepole. Kichwa "in" kina maana mbili zisizofanana hata kidogo. Mara ni si, mara ni ndani. "Invisible" ni kisichoonekana, lakini "inject" ni kutupia ndani, ile sindano. Sasa chukua neno "inflammable" kwenye mapipa ya mafuta. Mtu aliyejifunza nusu atasema "in" ni si, kwa hiyo hiki hakiwaki moto, akasogeza kibatari. La hasha! Hapa "in" ni ile ya kutia ndani, kutia moto. Neno lote lina maana ya kinachowaka upesi. Kwa hofu ya kosa hilo wataalamu wa moto huko Marekani, katika karne ya ishirini, walihimiza liandikwe "flammable" bila "in", na siku hizi utakuta yote mawili. Yote mawili yanawaka.

Mtego mwingine uko mlangoni mwa kliniki. "Antenatal" ina kichwa "ante" cha Kilatini, kabla, yaani kabla ya kuzaliwa. Kuna kichwa kingine "anti", ambacho ni cha Kigiriki na maana yake ni dhidi. Herufi moja tu. Niliwahi kuona karatasi iliyobandikwa mahali, iliyoandikwa kwa haraka na "anti", na kwa maana yake ikawa kliniki ya kupinga kuzaliwa. Akina mama walikuwa wameketi pale kwa utulivu na mimba zao. Nilicheka peke yangu mpaka nikaulizwa kama naumwa.

Na sasa habari ya jirani yangu. Alikuja jioni moja akiwa na mimba ya miezi mitano, anakohoa, mkononi ana pakiti ya dawa. Hakuwa amekwenda kwa mganga. Zilikuwa dawa zilizobaki za shemeji yake, doksisaiklini, naye alitaka kujua ameze ngapi. Ndani ya boksi mlikuwa na kile kikaratasi kilichokunjwa mara nyingi, herufi ndogo kama sisimizi, Kiingereza kitupu. Wangapi wetu hukitupa kabla ya kukikunjua? Binti akakikunjua karibu na taa, kidole kikatembea, kikasimama. "Mama mdogo, hapa pana 'contra'." Lilikuwa neno "contraindicated", na mbele yake "pregnancy", ambalo alilijua kutoka darasani kuwa ni ujauzito. "Contra" ni dhidi. "Indicate" ni kuonyesha. Dalili zinaonyesha usitumie.

Nikamwambia jirani asimeze hata kimoja mpaka asubuhi, nami nikamsindikiza hospitali. Muuguzi akathibitisha. Dawa za jamii ile, pamoja na tetrasaiklini yenyewe, huweza kuingia katika meno na mifupa ya mtoto aliye tumboni na kuiharibu rangi ya meno yake. Alipewa dawa nyingine inayomfaa. Nasema wazi, kile kichwa cha neno hakikumtibu mtu, wala msimfanye binti wa kidato cha kwanza kuwa daktari. Kazi yake ilikuwa kumzuia asimeze usiku ule, na kututoa nyumbani tukaulize.

Muuguzi akageuza boksi akatuonyesha kitu ambacho hatukukitazama, tarehe ya mwisho. Ilikuwa imepita. "Expire". Tukiwa njiani kurudi binti akaipasua. "Ex" ni nje, "spir" ni kupumua. Kutoa pumzi nje. Akasimama. "Mama mdogo, si ndiyo kukata roho?" Ndiyo hasa. Dawa ile ilikuwa imekata roho. Na mwili huo wa "spir" kitabu chake cha Biolojia kimeutumia kila mahali: "inspiration" ni kuvuta hewa ndani, "expiration" ni kuitoa, "respiration" ni kupumua, "perspiration" ni jasho, kana kwamba ngozi inapumua. "Conspire" ni kupumua pamoja, watu wanaokula njama vichwa vikiwa vimegusana. Na "spiritus" kwa Kilatini ni pumzi, na ni Roho. Hapo tulitembea kimya kidogo.

Kabla sijasahau, vile vichwa vya hesabu. "Centi" inatokana na mia, ndiyo maana shilingi ina senti mia na mita ina sentimita mia. "Mili" inatokana na elfu. Gramu moja ina miligramu elfu moja, hivyo kidonge kilichoandikwa mg 500 ni nusu gramu. Dawa ya maji ya mtoto ikiandikwa ml 5, hizo ni mililita tano, kijiko kimoja kidogo kamili cha kupimia. Tumia kile kilichokuja na chupa, si cha jikoni, maana vya jikoni kila kimoja kina tumbo lake.

Likizo iliisha, binti akarudi shuleni na lile daftari. Mwezi wa Desemba akaja na ripoti, neno ambalo, akanikumbusha, ni kilichobebwa kurudishwa. Biolojia arobaini na nne. Fizikia thelathini na nane. Si alama za kupigia vigelegele, na baba yake hakuvipiga. Habari ya cherehani hakuitaja, nami sikumwuliza. Ila alikuja na swali alilolitunza muhula mzima. "Mama mdogo, 'under' ni chini, 'stand' ni kusimama. Kwa nini 'understand' ni kuelewa? Nani alielewa kwa kusimama chini?"

Nikamwambia hilo si la Kilatini, ni la Waingereza wenyewe, lilikuwepo kwao kabla Wanormani hawajafika. Akasema hilo halijamjibu. Nami nikamwambia alete ungo tupepete mchele.